Baba Krismasi: Imani ya Watoto, Kazi ya Watu Wazima

Baba Krismasi ni mzee wa kubuni mwenye ndevu nyeupe na vazi jekundu ambaye, kwa masimulizi wanayokuzwa nayo watoto wengi wa Ulaya na Marekani, hupita nyumba hadi nyumba usiku wa kuamkia tarehe 25 Desemba akiacha zawadi. Ni vigumu kumpata kiumbe mwingine wa hekaya anayetumikiwa na watu wengi kiasi hicho katika zama hizi. Posta humjibia barua, jeshi hutangaza safari yake, maduka humwajiri kwa msimu, na wazazi wenye akili timamu hukesha wakimfanyia kazi. Swali lililozoeleka ni kwa nini watoto humwamini. Swali gumu zaidi, nalo ndilo linalofungua mengine, ni kwa nini watu wazima wasiomwamini hata chembe huhangaika hivyo ili aaminiwe.

Asili yake ni Mtakatifu Nikolasi, askofu wa Mira katika Likia, mji ambao leo unaitwa Demre, kusini mwa Uturuki. Wasomaji wa Biblia wanaifahamu Mira kutoka sura ya 27 ya Matendo ya Mitume: ndiko Paulo, akiwa mfungwa, alikopakiwa kwenye merikebu ya Iskanderia iliyokuwa ikielekea Italia. Nikolasi aliishi karne ya 4. Yanayojulikana kwa hakika juu ya maisha yake hayajazi ukurasa mmoja, lakini hekaya zake ni nyingi, na moja imezipita zote. Baba mmoja aliyefilisika alikuwa na binti watatu asioweza kuwaoza, kwa kuwa desturi ya huko ilimtaka mzazi wa mwanamke ndiye atoe mali. Askofu alikwenda usiku, akatupa mfuko wa dhahabu dirishani, akatoweka. Akarudia hivyo hadi wote wakaolewa. Usiri huo wa mtoaji asiyetaka kuonekana umeendelea kuwapo hadi leo, hata pale uaskofu wenyewe ulipokwisha kusahauliwa.

Mwaka 1087 mabaharia kutoka Bari, Italia, waliichukua mifupa yake wakaihamishia kwao, na heshima ya mtakatifu huyo ikazidi kuenea Ulaya magharibi. Tarehe 6 Desemba, sikukuu yake, ikawa siku ya watoto kupewa vitu vidogo katika nchi nyingi. Wanamatengenezo wa karne ya 16 hawakupenda ibada ya watakatifu. Martin Luther alipendelea zawadi zitoke kwa Mtoto Kristo, tena wakati wa Krismasi. Waholanzi, hata waliokuwa Waprotestanti, walimng'ang'ania Sinterklaas wao. Waingereza nao walikuwa na mzee wao wa Krismasi, ambaye Ben Jonson alimpandisha jukwaani mwaka 1616, ila huyo alikuwa mzee wa karamu na vinywaji, hana habari na watoto wala zawadi.

Baba Krismasi wa leo alitengenezwa New York. Mwaka 1809 Washington Irving aliandika historia ya mzaha ya mji huo, akamfanya Nikolasi kuwa mlinzi wa walowezi wa Kiholanzi. Tarehe 23 Desemba 1823 gazeti la Troy Sentinel lilichapisha shairi lisilo na jina la mtunzi, ambalo baadaye msomi tajiri Clement Clarke Moore alijitaja kuwa ndiye aliyelitunga, na humo ndimo kilimotokea kigari cha kuteleza juu ya theluji, kulungu wanane wa nchi za baridi na safari ya kushuka kwa dohani. Mwanahistoria Stephen Nissenbaum ameeleza mazingira yaliyozaa maandishi hayo. Krismasi ya kale ilikuwa ya mitaani: vijana na vibarua walizunguka wamelewa, wakigonga milango ya matajiri na kudai chakula, pombe na fedha, na tajiri aliyekataa alijua vioo vya madirisha yake viko hatarini. Mji ulipokua na umaskini ukaongezeka, desturi hiyo ilianza kuwatisha wenye nyumba. Baba Krismasi aliwapa pa kutokea. Ukarimu wa msimu uliendelea, lakini mpokeaji sasa alikuwa mtoto wa ndani, naye maskini wa nje akaachwa nje. Mlango ukafungwa, na mgeni pekee aliyeruhusiwa kuingia alipitia juu ya paa, akatoa bila kudai kitu. Hayo ni mabadiliko makubwa ya kitabaka, na huenda yalipita bila kelele kwa sababu yalifichwa ndani ya hadithi ya kulalia.

Yaliyofuata yalikuwa mapambo zaidi. Thomas Nast alianza kumchora katika jarida la Harper's Weekly mwaka 1863, katikati ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, akimwonyesha akiwagawia zawadi askari wa Kaskazini. Katika miaka iliyofuata akampa makazi kwenye Ncha ya Kaskazini. Mwaka 1931 Haddon Sundblom akaanza kumchora kwa matangazo ya Coca-Cola. Husemwa mara nyingi kwamba kampuni hiyo ndiyo iliyomvika nguo nyekundu. Si kweli; alikuwa nayo tangu karne ya 19. Kilichofanywa na matangazo hayo ni kuieneza sura moja duniani hadi nyingine zikafifia. Hata kulungu wa tisa, Rudolph mwenye pua nyekundu, alibuniwa mwaka 1939 na Robert L. May, mwandishi wa matangazo wa maduka ya Montgomery Ward, katika kijitabu cha kuvutia wanunuzi.

Si kila nchi iliyomkabidhi yeye kazi hiyo. Italia ina Befana, kikongwe apitaye usiku wa kuamkia tarehe 6 Januari. Hispania huwaachia Mamajusi watatu. Austria ina Krampus, mwenye pembe na minyororo, anayefuatana na Nikolasi kuwatisha watoto watundu. Mfano wa Urusi unafundisha zaidi. Mzee wao wa baridi, Ded Moroz, alipigwa vita na serikali ya Kisovyeti mwishoni mwa miaka ya 1920 pamoja na mti wa Krismasi. Desemba 1935 kiongozi wa chama Pavel Postyshev aliandika barua katika gazeti la Pravda akitaka mti urudishwe kwa watoto. Ukarudi, na mzee akarudi nao, safari hii akiwa wa Mwaka Mpya na asiye na dini. Serikali iliyokuwa na ubavu wa kufunga makanisa iliona ni nafuu kumtumia mgawa zawadi kuliko kupambana naye.

Imani ya mtoto katika mzee huyo haioti yenyewe. Hujengwa kwa ushahidi, na ushahidi huo hutengenezwa. Tarehe 21 Septemba 1897 gazeti la The Sun la New York lilitumia tahariri nzima, iliyoandikwa na Francis Church, kumhakikishia msichana wa miaka minane, Virginia O'Hanlon, kwamba mzee yupo. Mwaka 1912 Posta ya Marekani iliruhusu barua zake zifunguliwe na kujibiwa. Kanada imempa msimbo wa posta H0H 0H0, ambao ukisomwa ni kicheko chake. Tangu 1955 kituo cha ulinzi wa anga cha Colorado Springs, ambacho kazi yake ilirithiwa na NORAD, hutangaza kila mwaka mahali alipofika. Mji wa Rovaniemi nchini Finland, ulioteketezwa na majeshi ya Wajerumani yaliyokuwa yakirudi nyuma mwaka 1944, leo hujitangaza kuwa maskani yake rasmi na huishi kwa sehemu kubwa kwa watalii wanaokuja kumwona. Nyumbani, mzazi huuma biskuti iliyowekewa mgeni na kuacha makombo kwenye sahani.

Mtoto wa miaka mitano anayeyaamini hayo yote si mjinga. Mwanasaikolojia Paul Harris ameonyesha kwamba sehemu kubwa ya maarifa ya mtoto hutegemea ushuhuda wa wengine: hajaona vijidudu, hajaona oksijeni, wala hajaona kwamba dunia ni duara, bali ameambiwa na watu anaowaamini. Habari za Baba Krismasi humjia kwa njia ileile, kutoka kwa watu walewale, tena zikiwa na vielelezo vingi kuliko vijidudu. Jacqueline Woolley na wenzake walilipima jambo hili mwaka 2004 kwa kumbuni kiumbe mpya kabisa, mchawi wa peremende, ambaye huchukua peremende za mtoto usiku na kuacha mwanasesere au kitu kingine cha kuchezea. Watoto wa shule ya awali walimwamini kwa wepesi. Na miongoni mwa wakubwa wao, waliotembelewa naye, yaani ambao wazazi waliwafanyia mabadilishano hayo usiku, walimwamini zaidi ya wale waliosimuliwa tu. Walikuwa wakifuata ushahidi. Tatizo ni kwamba ushahidi ulikuwa wa kughushi.

Akili hiyohiyo inayojenga imani ndiyo inayokuja kuibomoa. Andrew Shtulman aliwataka watoto wamwandikie mzee barua za maswali, akagundua kwamba kadiri mtoto anavyoelewa mipaka ya yale yanayowezekana duniani, ndivyo maswali yake yanavyogeuka kuwa ya utekelezaji: anazimalizaje nyumba zote usiku mmoja, anaingiaje pasipo na dohani. Mtoto anayeuliza hivyo bado anaamini, lakini ameshaanza ukaguzi. Wengi huachana na imani hiyo wakiwa na miaka saba au minane, mara nyingi si kwa tukio moja bali kwa shaka zilizorundikana: mwandiko wa mama kwenye kadi, karatasi ya kufungia zawadi iliyoonekana kabatini, neno la mwenzake darasani.

Je, mtoto huumia? Mwaka 1994 Carl Anderson na Norman Prentice walichapisha matokeo ya mahojiano na watoto 52 waliokwisha kugundua ukweli. Wengi wao walieleza hisia nzuri, baadhi wakijivuna kwa kuwa wameling'amua fumbo. Waliohuzunika walikuwa wazazi. Utafiti wa Candice Mills na wenzake uliochapishwa mwaka 2024 umeongeza uzito upande wa pili: theluthi moja hivi ya watoto na karibu nusu ya watu wazima waliokumbuka utoto wao walitaja hisia mbaya, ingawa kwa wengi zilikuwa hafifu na za muda mfupi. Walioumia zaidi ni waliojua ghafla, waliojua wakiwa wamechelewa, au ambao wazazi wao walikuwa wameisisitiza hadithi kupita kiasi. Hata hivyo wengi wa waliohojiwa walisema wangewafanyia watoto wao vilevile.

Wapo wanaoona kwamba huo ni uongo na uitwe uongo. Mwaka 2016 Christopher Boyle na Kathy McKay waliandika katika jarida la Lancet Psychiatry wakihoji iwapo mtoto anayegundua kuwa amedanganywa kwa miaka katika jambo hili hataanza kujiuliza ni mangapi mengine aliyodanganywa. Hoja hiyo ni ya haki, ila matokeo ya tafiti zilizotajwa hayaonyeshi kwamba imani kwa wazazi huporomoka kwa kawaida. Watoto wengi huonekana kutofautisha uongo wa kumnufaisha msemaji na uongo wa kumfurahisha anayeambiwa. Hatari iko kwingine: kwa mtoto anayeuliza wazi, akiwa tayari kujua, akajibiwa kwa kuongezewa chumvi. Hapo mchezo umekwisha kwake, naye mzazi anaendelea kuucheza peke yake.

Kuna upande mwingine wa hadithi usiopambwa sana, nao ni wa ulinzi. Mzee huyo hujua nani ameasi na nani ametii, na huandika. Mwaka 2005 ulitolewa Marekani mwanasesere wa rafuni anayeuzwa pamoja na kitabu, ambaye humchungulia mtoto mchana kutwa na kwenda kutoa taarifa usiku. Wapo wahakiki walioona humo mafunzo ya mapema ya kukubali kuchunguzwa. Afrika Mashariki haina haja ya kuagiza kifaa hicho; zimwi la hadithi za jioni na mumiani aliyesemwa kunyonya watu damu wamewarudisha watoto nyumbani kabla ya giza kwa vizazi kadhaa. Tofauti ni kwamba zimwi hutisha na halilipi. Baba Krismasi hulipa, na kwa sababu hulipa, ahadi yake ya adhabu haitekelezwi: ni mzazi gani atakayemwachia mwanawe soksi tupu asubuhi ya sikukuu? Watoto hulitambua hilo haraka, na ndiyo maana tisho hilo hudumu wiki chache za Desemba na kusahauliwa Januari.

Lakini hesabu ya tabia njema na malipo ina dosari isiyorekebishika kwa urahisi. Ikiwa zawadi hutoka kwa hakimu mmoja anayewaona wote, mtoto wa fukara aliyepata kalamu za rangi na jirani yake aliyepata baiskeli wamehukumiwa, na hukumu imetoka. Zawadi ya mzazi ingejieleza yenyewe: baba hana fedha. Zawadi ya Baba Krismasi haina kisingizio hicho. Ndiyo sababu baadhi ya wazazi wenye uwezo huwaambia watoto wao kwamba kitu kikubwa kimetoka kwa baba na mama, na kile kidogo ndicho cha mzee. Ni busara, nayo inakiri kwamba hekaya haiwezi kubeba tofauti ya kipato bila kuidhalilisha familia iliyo chini.

Kwa hiyo mtu mzima anapata nini? Jibu lenye nguvu zaidi lilitokana na kisa cha Dijon, Ufaransa. Tarehe 23 Desemba 1951 sanamu ya Baba Krismasi ilichomwa moto mbele ya kanisa kuu la mji huo, watoto wa parokia wakishuhudia, kwa kosa la kuifanya ya kipagani sikukuu ya kuzaliwa kwa Kristo. Jioni ya siku iliyofuata Baba Krismasi akaonekana tena, mzima, juu ya paa la jumba la mji. Mwanaanthropolojia Claude Lévi-Strauss aliandika makala juu ya tukio hilo mwaka 1952. Alilinganisha desturi hii na ile ya Wahindi wa Pueblo, ambao watu wazima wao hujifunika vinyago vya roho na kuwatembelea watoto, siri ya vinyago ikihifadhiwa mpaka mtoto afike umri wa kuambiwa. Msomaji aliyekulia penye jando na unyago ataitambua sura yake mara moja: jamii hugawanywa kati ya wanaojua na wasiojua, na kuvuka mpaka huo ni kukua. Mtoto aliyegundua siri ya Baba Krismasi hakimbilii kumwambia mdogo wake. Anakabidhiwa kazi ya kuilinda, na mara nyingi huifanya kwa ukali kuliko wazazi.

Lévi-Strauss alikwenda mbali zaidi ya hapo, akaona kwamba imani hiyo huwapa wazazi nafasi ya kusadiki, kupitia kwa watoto, kwamba kuna ukarimu usiodai kulipwa. Marcel Mauss alikuwa amekwisha kuonyesha mwaka 1925 kwamba zawadi katika jamii za wanadamu huambatana na deni: kupokea ni kujifunga. Katika jamii ya soko kila kitu kina bei na risiti. Mzazi anayeifuta bei, akaficha risiti na kulisingizia jina la mzee asiyekuwapo, humtolea mwanawe kitu kisicho na deni la shukrani. Kwa kufanya hivyo hununua, kwa fedha halisi na wakati mwingine kwa mkopo, dakika chache za kuishi nje ya soko. Maduka yanalijua hilo vizuri.

Sura ya mzee huyo nayo imekuwa uwanja wa mvutano. Uholanzi, Sinterklaas alifuatana kwa zaidi ya karne moja na mtumishi aitwaye Zwarte Piet, Piet Mweusi, aliyechezwa na Wazungu waliojipaka weusi na kuvaa nywele za bandia. Mwalimu Jan Schenkman alichapisha mwaka 1850 kitabu cha watoto kilichomweka mtumishi huyo kando ya mtakatifu. Wakosoaji wengi, wakiwamo Waholanzi wenye asili ya Suriname na Antili, walipaza sauti kwa nguvu kuanzia 2011. Mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa ya kupinga ubaguzi wa rangi iliitaka nchi hiyo ibadilishe sura hiyo, na leo katika miji mikubwa wahusika huonekana na madoa ya masizi tu. Waliopinga mabadiliko walidai kwamba ni mchezo wa watoto. Ukali wa ugomvi, uliofika polisi na mahakamani, unaonyesha ulikuwa mchezo wa nani.

Afrika Mashariki Baba Krismasi alifika pamoja na kadi, vitabu vya shule na maduka, akabaki humohumo. Huonekana Desemba katika maduka makubwa ya Nairobi, Dar es Salaam na Kampala, kofia ya manyoya kichwani katika joto linalozidi nyuzi 30 pwani, kando ya mti wa plastiki uliobandikwa pamba badala ya theluji. Watoto hupiga naye picha. Ni wachache wanaoamini kwamba amewahi kuingia kwao. Kukosekana kwa dohani si sababu. Imani hushinda vikwazo vikubwa kuliko hivyo. Sababu ni kwamba katika sikukuu ya huku mtoaji hana haja ya kujificha, na kujificha kungeharibu shughuli. Nguo mpya za Krismasi zinajulikana zimenunuliwa na nani. Wachagga wanaorudi Kilimanjaro mwishoni mwa mwaka, safari ambayo Watanzania huitania kuwa ni ya kwenda kuhesabiwa, hupeleka sukari, vitenge na fedha kwa mikono yao, na wanaopokea hutaja majina yao kwa mwaka mzima. Mtoto wa Kiislamu wa Zanzibar au Mombasa apewaye mkono wa Idi humwamkia mtoaji ana kwa ana. Deni ambalo Mauss alilieleza halionewi haya hapa. Ndilo linaloshikilia ukoo.

Suala huwa gumu zaidi kwa familia za Kitanzania, Kikenya au Kikongo zinazolea Uingereza na Marekani. Mtoto hurudi kutoka shule ya awali akiwa ameandika barua kwa mzee, na nyumbani lazima lipatikane jibu. Familia nyingine hucheza mchezo huo kama wenyeji. Nyingine, hasa za Waislamu na za baadhi ya makanisa, humweleza mtoto kweli tangu mwanzo, kisha humwongezea sharti moja: asiwaambie wenzake darasani. Mtoto huyo, ambaye hajawahi kuamini, anaingizwa moja kwa moja katika upande wa watunza siri.